Siku mtafsiri alipokosa kazi

Mama alianguka bafuni akavunjika nyonga, nami nikafunga safari kutoka Dar kurudi Tanga kumuuguza. Nilidhani ni wiki mbili. Nikakaa miezi saba. Mchana ulikuwa na kazi zake: kumgeuza, kumwogesha, kuwakaribisha wageni waliokuja kumtazama mgonjwa wakaondoka baada ya birika la pili la chai. Usiku ndio ulikuwa mrefu. Maumivu yalimnyima usingizi, na televisheni iko sebuleni ambako hawezi kufika. Basi nikaegemeza simu kwenye kopo la maziwa ya unga, nikamwekea tamthilia.

Tuliangukia ya Kituruki, *Kadın*, yaani Mwanamke. Bahar ni mjane, analea watoto wawili peke yake, chumba kimoja, kazi ya kubangaiza. Mama alimwita Bahari tangu siku ya kwanza na sikumsahihisha. Maneno ya Kiingereza yanapita chini, mama Kiingereza hakisomi, kwa hiyo kazi ya kutafsiri ikawa yangu. Aliyekulia kwenye vibanda vya video anaijua kazi hiyo. Ni yule bwana anayezungumza juu ya filamu ya Kihindi au ya Kichina, anampa stelingi sauti, anamtukana adui, na asipolisikia neno anatunga la kwake. Nami nikawa yeye. Nilikuwa Bahari, nikawa mama yake aliyemtelekeza, nikawa yule mdogo wake mwenye roho mbaya ambaye mama alikuwa akimlaani kwa jina la babu yake.

Kwa Waturuki mtafsiri hapumui. Kila kinachosumbua moyo kinasemwa, kisha kinasemwa tena kwa mtu mwingine, kisha muziki unaingia kukisema mara ya tatu. Sehemu moja inakwenda karibu saa mbili, na sehemu zenyewe ni 81. Sauti ilinikauka. Siku tulipogundua kwamba Sarp, mume wa Bahari aliyedhaniwa amekufa, yuko hai na ana mke mwingine na mapacha, mama kidogo ashuke kitandani kwa mguu mmoja. "Nilijua! Mimi nilijua!" Jirani akagonga ukuta kuuliza kuna nini.

Kuna usiku mtandao ukawa mzito. Nikiwa nasubiri kipande kifunguke, nikaanza kupekua habari za hiyo tamthilia, nikakuta kwamba si hadithi ya Waturuki hata kidogo. Wameinunua Japani. Ya asili inaitwa *Woman*, ilionyeshwa na kituo cha Nippon TV mwaka 2013, na ina sehemu 11 tu, nyingi zikiwa chini ya saa moja. Nikarudia kusoma ile namba. Hadithi ileile ya mjane, watoto wawili, mama aliyeondoka, mdogo mtu asiyefaa, maradhi ya damu. Mmoja kaimaliza kwa 11, mwingine kwa 81. Nikamwambia mama tukimaliza hii tutaitazama na ile. Akasema sawa, ilimradi Bahari wa huko naye awe mzuri.

Usiku wa kwanza wa Woman sikuwa na kazi.

Mjane wa Kijapani anaitwa Koharu, mwigizaji wake ni Hikari Mitsushima, mwanamke mwembamba mwenye macho makubwa ambaye uchovu unamkaa mabegani. Tunamwona kwenye ngazi za stesheni ya treni. Mtoto mmoja kamshika, mwingine kigari chake anakipandisha kwa mikono, daraja kwa daraja, na watu wanampita. Hakuna anayemsukuma wala kumtusi. Wanapita tu, kila mtu na haraka yake.

"Anasema nini?" mama akauliza.

"Hasemi kitu. Anapandisha ngazi."

"Hilo naliona. Macho sijavunjika."

Basi nikanyamaza. Kila baada ya dakika mbili tatu nikitia neno, nikaona naharibu. Koharu anakwenda ofisi ya serikali kuomba msaada wa walio hoi. Huko Japani, ukiomba msaada huo, ofisi huwaandikia ndugu zako kuwauliza kama wanaweza kukusaidia wao. Mama yake mzazi, ambaye hawajaonana tangu Koharu akiwa mtoto, kuna aliyemjibia kwa niaba yake kwamba ataweza. Ombi linakataliwa. Afisa anamweleza kwa upole na adabu zote, anainamisha kichwa. Mama yangu alisonya. Amewahi kuhudumiwa kwa adabu ya namna hiyo, ile inayokuacha mlangoni huna hata mtu wa kumkasirikia.

Koharu anamwendea yule mama. Kwenye ya Kituruki, onyesho la mama na binti kukutana lilinipa kazi ya usiku mzima, machozi, lawama, milango kubamizwa. Kwenye ya Kijapani watu wawili wanakaa ndani ya nyumba moja wakiongea kama wageni waliokutana kwenye foleni ya posta. Heshima ya lugha ndiyo inayoumiza. Kwa Kiingereza cha chini haionekani vizuri, lakini hata asiyejua Kijapani anaisikia sautini: binti anamsemesha mama yake kama mtu asemavyo na karani. Mama aligundua kabla yangu. "Huyu hamwiti mama," alisema.

Mama huyo wa Koharu, jina lake Sachi, anaigizwa na Yuko Tanaka. Nitamrudia, maana ndiye hasa aliyenifanya niandike.

Tukaendelea, sehemu moja kila usiku. Kila usiku mama aliniuliza swali lilelile: "Sarp wa Kijapani anarudi lini?" Mume wa Koharu anaitwa Shin, anaigizwa na Shun Oguri, na tunamwona kwenye kumbukumbu tu, anacheka, anabeba mtoto. Mwenye kuona 81 za Kituruki ana haki ya kumsubiri. Sehemu ya tano, bado. Ya nane, mama akasema labda yuko hospitali amepoteza kumbukumbu. Ya kumi akawa na wasiwasi kwamba muda hautatosha. Ya 11 ikaisha, majina yakapanda, wimbo ukaimba. Mama akakitazama kioo cha simu mpaka kikazima chenyewe.

"Kwa hiyo huyu kafa kweli."

"Kafa kweli, mama."

Baba alifariki nikiwa darasa la tano. Mama akajifunika shuka, akageukia ukutani kwa taratibu, kwa ule mguu wake. "Afadhali," akasema.

Nimelifikiria neno hilo sana. Sitalifafanua, kwa sababu yeye mwenyewe hakulifafanua. Lakini lilinifanya nitafute kujua kwa nini Wajapani walimwacha Shin kaburini na Waturuki wakamfufua Sarp, na jibu nililopata ni la kikazi zaidi kuliko la kimila.

Televisheni ya Japani inakwenda kwa misimu minne: Januari, Aprili, Julai, Oktoba. Kila msimu vituo vinabadilisha karibu tamthilia zote za usiku. Inaanza, inakwenda wiki kumi au kumi na moja, inakwisha, inapisha nyingine. Hata ikipendwa vipi, msimu ukifika imekwisha. Na mara nyingi mwandishi ni mmoja, ameandika kuanzia neno la kwanza mpaka la mwisho, akijua siku ya mwisho ni lini. Uturuki mambo ni mengine. Huko tamthilia inaendelea maadamu watu wanatazama, kila wiki saa mbili zijazwe, na ikipendwa hakuna wa kuizima. Sasa mjane mmoja na watoto wawili utawajaza vipi kwenye sehemu 81? Lazima mtu afufuke. Urefu ndio uliomfufua Sarp. Sisemi hivi kuwadharau Waturuki, maana nimelia nao kwa haki. Nasema tu kwamba mwenye kujua atamaliza lini anaweza kumwacha maiti apumzike.

Mwandishi wa Woman ni Yuji Sakamoto. Alizaliwa 1967, na akiwa na miaka 19 alishinda shindano la waandishi chipukizi wa televisheni la kituo cha Fuji. Mwaka 1991, kabla hajafika miaka 24, akaandika *Tokyo Love Story*, iliyotokana na katuni ya Fumi Saimon, na ikaangaliwa Asia nzima: msichana Rika anayesema anachotaka bila kona, na kijana asiyeweza kuamua. Tamthilia za mapenzi za wakati ule zilifika Taiwan, Hong Kong na Uchina, na watu wengi wanasema Wakorea waliotawala miaka iliyofuata walijifunzia hapo kabla ya kuja na mtindo wao. Sakamoto angeweza kukaa na mapenzi ya vijana wa mjini maisha yake yote. Badala yake, mwaka 2010 akaandika *Mother*.

Hii tuliitazama baada ya Woman, na hapa mama aliniambia niweke dawa zake karibu kabla hatujaanza.

Mwanamke aitwaye Nao ni mtaalamu wa ndege wanaohama. Utafiti wake umekwama, yuko Muroran, mji wa baridi kule Hokkaido, anafundisha shule ya msingi kwa muda. Yeye watoto hawapendi, anasema waziwazi. Darasani yuko Rena, msichana mdogo mwenye michubuko ambayo kila mtu ameiona na hakuna aliyeiuliza. Mwigizaji wake, Mana Ashida, alikuwa na miaka mitano. Rena ana daftari la vitu anavyovipenda. Ukiwa na huzuni, anaeleza, unafikiria unavyovipenda. Ameandika kiti kinachozunguka. Soda yenye aiskrimu juu. Barabara ya mlima inayopinda. Sauti ya kukanyaga theluji. Halafu usiku mmoja Nao anamkuta ndani ya mfuko wa taka, umefungwa, umewekwa nje kwenye baridi.

Hapo mama alisema, "Simamisha." Nikasimamisha. Akaomba maji, akanywa, akasema, "Endelea."

Nao anamwiba mtoto. Sina neno jingine. Anamchukua, anambadilisha jina kuwa Tsugumi, jina la ndege, anapanda naye treni kuelekea Tokyo. Tangu hapo kisheria yeye ni mhalifu, na hadithi haiwahi kukusahaulisha hilo. Wengi wangegeuza tukio hili kuwa mbio, polisi nyuma, muziki wa kishindo. Hapa linakuwa swali la mtu asiyejua kulea: mtoto anakula nini asubuhi, analalaje, nani anamchana nywele. Baadaye wanatenganishwa, mtoto anapelekwa kwenye kituo cha kulelea watoto, na kutoka huko anapiga simu kumwomba Nao amteke tena, mara moja tu. Kati ya kila kitu nilichowahi kumtafsiria mama, hayo ndiyo maneno niliyoshindwa kuyatoa. Nilijaribu mara mbili. Mama akasema usijisumbue, nimeshasikia anavyoomba.

Hadithi hii imenunuliwa kuliko nyingine nyingi za Kijapani: Uturuki, Korea Kusini, Ukraine, Thailand, Uchina, Ufaransa, Uhispania, kila mmoja kaitengeneza upya kwa nyuso zake. Waturuki waliiita *Anne*, yaani Mama, mwaka 2016, na ilipowalipa wakaenda kuchukua Woman wakatengeneza Kadın. Hapo ndipo ilipopita njia mpaka ikafika kwenye kopo la maziwa ya unga Tanga. Kwa hiyo wengi wetu tunaojiona mashabiki wa Kituruki tumekuwa tukilizwa na Mjapani mmoja bila kujua. Inanikumbusha mwaka 2011, pale TBC walipoanza kutuonyesha ile ya Kichina ya Doudou na mama wakwe zake ikiwa imeingizwa sauti za Kiswahili. Shangazi yangu alikuwa anaapa kwamba ni familia ya Mtanzania mmoja ilibadilishwa majina.

Sasa nirudi kwa Yuko Tanaka.

Kwenye Mother yumo pia. Anaigiza mama mzazi wa Nao, aliyemwacha akiwa mtoto. Ni mgonjwa, siku zake zinahesabika, na anaishi kwenye nyumba ambayo zamani ilikuwa kinyozi. Viti bado vipo, kioo kipo. Kuna mahali anamkata bintiye nywele. Nao amemchukia maisha yake yote, na sasa amekaa kwenye kiti, kitambaa shingoni, na mikono ya mama yake iko kichwani mwake. Mkasi unasikika. Sura ya Tanaka kwenye kioo haifanyi chochote. Hatikisi mdomo, hatoi chozi kwa kamera. Anakata kwa makini kama fundi, na vidole vyake vinakawia kidogo mno kuliko inavyotakiwa na kazi. Hicho kidogo ndicho uigizaji wenyewe. Mama, ambaye alinisuka mpaka nikamaliza kidato cha nne, aliitazama mikono yake mwenyewe juu ya shuka.

"Huyu mwanamke," akasema, "nishamjua. Ndiye yule mama mbaya."

"Ndiye yule."

"Si mbaya. Mchovu."

Na huyo ndiye Oshin. Nilipomwambia mama jina hilo halikumwambia kitu, lakini kuna nchi ambako ukilitaja watu wa rika lake wanainuka vitini. *Oshin* ilikuwa tamthilia ya asubuhi ya NHK, kituo cha taifa cha Japani, dakika 15 kila siku isipokuwa Jumapili, kuanzia Aprili 1983 mpaka mwisho wa Machi 1984, sehemu 297. Aliyeandika ni mwanamke, Sugako Hashida. Oshin amezaliwa 1901 Yamagata kwa wakulima wasio na shamba lao, wanaokula wali ulioongezwa figili ili utoshe. Akiwa na miaka saba anapelekwa utumwani, tuseme ukweli, kulea mtoto wa watu kwa malipo ya gunia moja la mchele. Waigizaji watatu walimshika kwa zamu: Ayako Kobayashi utotoni, Yuko Tanaka ujanani mpaka utu uzima, Nobuko Otowa uzeeni. Kwa wastani zaidi ya nusu ya nyumba zilizopimwa zilikuwa zikiiangalia, asilimia 52.6, na siku moja ya Novemba 1983 ikafika 62.9. Kisha ikatoka nje ya nchi, zaidi ya nchi sitini.

Iran ndiyo ninayoipenda kuisimulia. Iliwafikia wakiwa vitani na Iraq, na mtu anayekula wali na figili na hakati tamaa hawakuhitaji kuelezewa. Alipendwa kupita kiasi. Mwanzoni mwa 1989 mwanamke mmoja alihojiwa redioni kuhusu mfano wa kuigwa na wanawake, akamtaja Oshin na si Bibi Fatima. Ayatollah Khomeini alighadhibika, waliohusika wakahukumiwa, kisha wakasamehewa. Na hadi leo Wairani wana neno *tanakura*, lililotoka kwenye Tanokura, ukoo wa mume wake Oshin. Maana yake ni mitumba.

Mama aliuza mitumba Ngamiani miaka kumi na minane. Nilipomweleza hilo alicheka mpaka nikaogopa nyonga. "Kumbe nilikuwa nauza tanakura! Na mlikuwa mkinionea haya."

Hatukumaliza sehemu 297, sisi si wendawazimu. Lakini tuliona Oshin anavyoondoka nyumbani. Ni kipupwe, theluji, mto Mogami. Mtoto amewekwa kwenye chelezo na anasukumwa mtoni. Baba yake, aliyekuwa mkali, aliyemuuza ndiye yeye, anatokea kingoni analia, anakifuata chelezo kwa miguu kwenye theluji. Huyu Oshin mtoto analia na kuita, siwezi kusema ni kimya. Wajapani wanajua kulia. Nisije nikawapaka rangi moja.

Maana kuna *Hanzawa Naoki*. Yeyote anayedai waigizaji wa Kijapani ni watu wa sauti ya chini, mwekee hiyo. Ni ya kituo cha TBS, mwaka 2013 uleule wa Woman, kutoka riwaya za Jun Ikeido. Mfanyakazi wa benki anasingiziwa mkopo uliopotea na anaapa kuwalipa wakubwa wake mara mbili. Sehemu ya mwisho iliangaliwa na asilimia 42.2 ya nyumba za Tokyo na jirani zake. Ni benki, mafaili, vikao, na watu wanakodoana macho kama wanataka kulana. Baadhi ya waigizaji wake ni watu wa kabuki, jukwaa la zamani ambako jicho linazungushwa mpaka mtu wa nyuma kabisa alione, akiwemo Teruyuki Kagawa, anayemwigiza mkurugenzi Owada. Mwishoni Owada analazimishwa kupiga magoti na kuweka paji la uso sakafuni mbele ya bodi nzima. Anachukua muda kushuka! Goti linatetemeka, linagoma, mwili unapigana wenyewe kwa wenyewe. Kazi ilinirudia usiku huo, niliigiza sauti zote, nikatukana. Mama alipiga makofi. Halafu Hanzawa, badala ya kupandishwa cheo, anapewa barua ya kuhamishiwa kampuni tanzu, na kamera inabaki usoni kwake, basi, mwisho. Mama alinituhumu kwamba nimekata kipande.

Watu huniuliza kwa nini basi tunajua za Kikorea na hatujui za Kijapani. Kwa kifupi: hawakuwa na shida. Japani ni soko kubwa na lenye pesa, matangazo yalitosha kulipa kila kitu, na ruhusa za waigizaji, muziki na mawakala zilikuwa zinagandia kila mtu alipotaka kuuza nje au kuweka mtandaoni. Wakorea soko lao ni dogo, walilazimika kubisha hodi. Kwa miaka mingi tamthilia za Kijapani zilisafiri kwa migongo ya mashabiki waliojitafutia na kujitafsiria. Sasa Netflix imefungua mlango kidogo, na ndipo nilipopata kile chakula cha mama cha usiku, kusema hivyo, *Midnight Diner*.

Ilianza 2009, usiku wa manane hasa, kutoka katuni ya Yaro Abe. Mkahawa mdogo Shinjuku unafunguliwa saa sita za usiku, unafungwa saa moja asubuhi. Mwenye mkahawa, wateja wanamwita Master tu, ni Kaoru Kobayashi. Kwenye orodha kuna supu ya nguruwe na pombe, lakini ukiomba kingine na vitu vipo, anakupikia. Nilimtafsiria mama supu hiyo kuwa "supu", Mungu anisamehe. Sehemu moja ni dakika ishirini na kitu. Jambazi mmoja mwenye miwani myeusi huagiza soseji nyekundu zilizochanjwa zikawa kama pweza. Mzee mmoja mwenye baa ya mashoga huagiza mayai ya kukunja yenye sukari. Siku moja wanabadilishana, huyu anaonja cha mwenzake. Ndio urafiki umeshafungwa, hakuna aliyeutaja. Wachina walipotengeneza ya kwao mwaka 2017 wateja wakawa wanakula tambi za pakiti za mdhamini, na watazamaji wao wenyewe wakaizomea.

Master ana kovu juu ya jicho la kushoto. Mama aliliuliza usiku wa kwanza, na wa pili. Hawasemi. Miaka yote hiyo, filamu mbili juu yake, hawajasema. Mwisho mama akalipatia hadithi yake mwenyewe, ndefu, yenye meli na mwanamke wa Zanzibar, na kila Master alipotokea alikuwa akiongezea.

Kobayashi huyo ndiye baba wa kambo kwenye Woman, mume wa Yuko Tanaka. Mama alimtambua papo hapo, akafurahi kuona amejipatia biashara.

Kufika mwezi wa saba alikuwa anatembea kwa fimbo mpaka barazani. Usiku wangu wa mwisho kabla ya kurudi Dar nikamwekea filamu, si tamthilia, *Monster* ya mwaka 2023, ya Hirokazu Kore-eda. Mwandishi ni Sakamoto, na ilimpatia zawadi ya mwandishi bora kwenye tamasha la filamu la Cannes. Mwalimu mkuu wa shule ni bibi mmoja amepiga magoti anakwangua uchafu sakafuni. Uso haujaonekana vizuri. "Ndiye yule mchovu," mama akasema. Nikamwuliza kamjuaje. Akasema kwa mgongo.

Baadaye mwalimu mkuu yuko kwenye chumba cha muziki na mvulana mwenye siri asiyoweza kuisema. Bibi naye ana ya kwake. Anamwambia kisichosemeka akipulize, na wanachukua ala za shaba, kila mmoja yake, wanapuliza. Si wimbo. Ni mlio mzito, wa kukwaruza, unatoka dirishani na kuenea shule nzima, na watu walioko nje wanausikia bila kujua unatoka wapi.

"Anasema nini?" mama akauliza.

"Anapuliza tu, mama."

"Naona anapuliza. Nimekuuliza anasema nini."